Sura imo kwenye filamu, jina liko wapi? Barua ya wazi kuhusu Mahjub bin Adam wa Dar es Salaam

Kwenu mnaotunza filamu za zamani za Ujerumani, huko Berlin na Wiesbaden, na kwenu mnaosimamia filamu, utamaduni na makumbusho hapa Tanzania.

Waheshimiwa,

Salaam nyingi. Mimi ni mwigizaji, mkazi wa Magomeni, Dar es Salaam. Sitarajii mnijue. Kwa zaidi ya miaka ishirini nimecheza zile nafasi ambazo kwenye skripti hazina jina: Mlinzi, Dereva, Mzee wa Pili, Mtu Anayeleta Barua. Kazi hiyo naipenda na nimesomesha watoto kwayo. Leo nawaandikia kwa ajili ya mwenzangu aliyenitangulia, mzaliwa wa mji huu huu, aliyecheza nafasi kama hizo nchini Ujerumani katika filamu zisizopungua 23, tangu 1934 hadi 1941. Alizaliwa akiitwa Mahjub bin Adam Mohamed. Wajerumani walimwandika Bayume Mohamed Husen, na kwenye filamu akawa Mohamed Husen, pale walipokumbuka kumwandika. Tarehe 24 Novemba 1944 alikufa katika kambi ya mateso ya Sachsenhausen, kaskazini ya Berlin. Alikuwa na miaka 40.

Ombi langu linatekelezeka. Kila filamu aliyomo iwekwe jina lake, na filamu hizo zije zionyeshwe huku alikozaliwa, mbele ya watu wanaosema lugha yake. Nitaeleza sababu, na mniwie radhi nikianzia mbali.

Mahjub alizaliwa tarehe 22 Februari 1904. Baba yake alikuwa askari mwenye cheo katika jeshi la kikoloni la Wajerumani. Vita Kuu ya Kwanza ilipofika huku kwetu mwaka 1914, mtoto alikuwa na miaka 10, na akaingia jeshini pamoja na baba yake, yeye akiwa mwanafunzi wa ishara, yaani wa kupeleka ujumbe wa jeshi kwa ishara. Watu wa Lindi wanaijua Mahiwa. Oktoba 1917, katika mapigano ya Mahiwa, mtoto huyo alijeruhiwa, akawa mateka wa Waingereza. Miaka 13. Nina mjukuu wa umri huo, na ukimtuma dukani baada ya magharibi anataka asindikizwe.

Vita vilipokwisha alifanya kazi melini, na mwaka 1929 akafika Ujerumani. Alikwenda kudai mshahara wake wa vita na wa baba yake, ambao ulikuwa haujalipwa. Akajibiwa kwamba amechelewa, muda wa madai umepita. Kila mtu aliyewahi kufuatilia haki yake ofisini anaijua ile hali ya kusimama dirishani, karatasi mkononi, ukiambiwa ungekuja mapema. Yeye aliambiwa hivyo akiwa ameshavuka bahari.

Akabaki Berlin. Alikuwa mhudumu katika Haus Vaterland, jumba kubwa la starehe pale Potsdamer Platz. Alifundisha Kiswahili chuo kikuu, kwa ujira mdogo, akiwatamkisha Wajerumani maneno ya kwao Dar. Tarehe 27 Januari 1933 alioa mwanamke Mjerumani. Siku tatu baadaye Hitler akawa Kansela.

Mwaka uliofuata akaingia kwenye filamu. Ya kwanza, *Die Reiter von Deutsch-Ostafrika*, iliongozwa na Herbert Selpin, na ilihusu vita vile vile vya Afrika Mashariki. Mahjub alicheza mwanafunzi wa ishara. Nimelifikiria jambo hili usiku mwingi. Sisi waigizaji tukipewa mhusika huwa tunatafuta kumbukumbu ya kumjazia: kama ni kufiwa, unamkumbuka marehemu wako, kama ni njaa, unaikumbuka njaa yako. Yeye alikuwa na miaka 30, anaambiwa acheze alichokuwa alipokuwa mtoto, vitani, katika nchi aliyoiacha, na jeraha la Mahiwa analo mwilini.

Baada ya hapo akawa anaitwa kila palipohitajika mtu mweusi: mtumishi, mpagazi, mhudumu. Alionekana kwenye filamu za mastaa wakubwa wa wakati ule, akina Zarah Leander na Hans Albers. Steringi yuko mbele na taa zote zinammulika; Mahjub yuko nyuma, au pembeni, au anapita.

Naomba niseme neno kuhusu hizo nafasi za nyuma, kwa sababu nadhani wasiozicheza hawazielewi. Mtumishi anapoingia na sinia, mtazamaji hamwangalii, lakini akikosea hatua moja tukio zima linaharibika. Lazima ajue sinia lina uzito gani hata kama vikombe ni vitupu. Lazima asikie mazungumzo ya wakubwa na asioneshe kwamba amesikia. Na zaidi ya yote, yeye ndiye anayemfanya bwana awe bwana. Ukimweka mtu kwenye kiti kizuri na kumvisha nguo nzuri, bado ni mtu aliyekaa kwenye kiti. Anakuwa mkubwa pale mwingine anapoinama mbele yake na kuinama kule kukaaminika. Kazi hiyo ya kuaminisha Mahjub aliifanya mara 23 na zaidi.

Hapo ndipo palipo na uchungu, na sitaki kuukwepa. Wanazi waliutumia ujuzi wake kumwambia mtazamaji wa Kijerumani kwamba Mwafrika ameumbwa kumtumikia Mzungu na anafurahia. Filamu iliyompa nafasi kubwa kuliko zote ni *Carl Peters*, ya mwaka 1941, mwongozaji akiwa Selpin yule yule na steringi akiwa Hans Albers. Msomaji wa Kitanzania hahitaji kuelezwa Peters ni nani. Ndiye aliyepita Usagara, Nguru, Uzigua na Ukami mwaka 1884 na mikataba yake ya ulaghai. Ndiye ambaye wazee wetu walimwita Mkono wa Damu. Serikali yake yenyewe ilimfukuza kazi mwaka 1897 kwa sababu ya watu aliowanyonga Kilimanjaro. Filamu ikamfanya shujaa aliyesalitiwa. Na pembeni ya shujaa huyo akawekwa Mahjub, akiitwa Ramasan, kiongozi wa njia na mkalimani.

Katika filamu hiyo hiyo alikuwemo Louis Brody, mzaliwa wa Douala, Kamerun, ambaye alikuwa kwenye filamu za Ujerumani tangu enzi za filamu zisizo na sauti. Na wengi wa wale mnaowaona wamejazana nyuma wakiwa "wenyeji" walikuwa mateka wa vita, askari Waafrika wa jeshi la Ufaransa, waliochukuliwa kutoka kambini kuja kusimama mbele ya kamera. Tazameni tena mkijua hivyo, na mtaona sura nyingine kabisa.

Wapo watakaosema Mahjub alikuwa kibaraka. Nimeambiwa hivyo kwenye kijiwe chetu nilipoanza kuzungumza habari zake. Ni kweli kwamba alijivunia uaskari wake. Aliomba nishani ya wapiganaji wa vita, na alipokataliwa alitafuta medali zake mwenyewe akazivaa. Ni kweli alishiriki kwenye maonyesho ya Deutsche Afrika-Schau, yaliyozungushwa Ujerumani kati ya 1935 na 1940 yakiwaonyesha Waafrika kama kichekesho cha makoloni. Lakini mtu mweusi Ujerumani ya Wanazi alikuwa amefungiwa karibu milango yote ya ajira, na filamu ilikuwa moja ya michache iliyobaki wazi. Ana mke, ana watoto, kodi ya nyumba inadaiwa. Mimi mwenyewe nimewahi kucheza mganga wa kienyeji anayerukaruka na mkia wa ng'ombe kwenye filamu ya watu kutoka nje, huku nikijua kwamba hakuna mganga wa namna ile, na nilichukua pesa kwa sababu mtoto alikuwa amerudishwa nyumbani kutoka shule kwa kukosa ada. Sitamhukumu Mahjub. Namwona mtu aliyeidai nchi moja imtambue, kwa kila njia aliyoijua, tangu akiwa na miaka 10.

Nchi hiyo ilimjibu Agosti 1941, miezi michache tu baada ya *Carl Peters* kuzinduliwa. Alikamatwa kwa tuhuma ya uhusiano na mwanamke Mjerumani, kosa ambalo Wanazi waliliita kuchafua rangi. Hakufikishwa mahakamani. Alipelekwa Sachsenhausen akakaa huko zaidi ya miaka mitatu, hadi alipokufa. Wakati huo wote, yule Ramasan wake alikuwa anaendelea kutembea kwenye kitambaa cheupe, akimwonyesha Carl Peters njia.

Kwenye mabanda ya video tuliyokulia kulikuwa na msemo: steringi hafi. Sisi wa pembeni tunajua kwamba huo msemo ni kwa ajili ya steringi tu.

Miaka michache iliyopita kikundi chetu cha maigizo kilialikwa Berlin. Siku ya mapumziko wenzangu walikwenda madukani, mimi nikapanda treni kwenda Brunnenstraße, namba 193. Mbele ya mlango, chini kwenye njia ya waenda kwa miguu, kuna jiwe dogo lenye bamba la shaba, sentimita 10 kwa 10, kama yale mengi yaliyotandazwa mjini humo kwa ajili ya waliouawa na Wanazi. La Mahjub liliwekwa mwaka 2007. Mvua ilikuwa imenyesha asubuhi, bamba lina matope na jani limeganda juu yake. Nilipiga magoti, nikatoa leso, nikasugua mpaka herufi zikatoka. Mama mmoja aliyekuwa anatoka na mkokoteni wa mtoto alisimama akanisubiri nimalize, kisha akapita bila kukanyaga. Nikamsomea Fatiha pale pale, kwa sauti ya chini.

Nawashukuru waliohangaika hadi jiwe lile likawepo. Namshukuru Marianne Bechhaus-Gerst, mtafiti aliyechambua nyaraka na kuandika maisha ya Mahjub mwaka 2007, na Eva Knopf, aliyetengeneza filamu ya maisha yake mwaka 2013 kwa kumsaka kwenye filamu za zamani. Bila wao nisingekuwa na la kuandika. Lakini jiwe lile linaeleza kifo chake. Kazi yake iko kwenye mikebe mnayoitunza ninyi.

Ndiyo maana nawaomba, wakuu wa hifadhi za filamu Ujerumani. Filamu zile za miaka ya 1930 mnazisafisha, mnazigeuza za kidijitali, na nyingine, hasa za vichekesho na nyimbo, bado zinaonyeshwa kwenye televisheni zenu. Kila nakala mpya inapotengenezwa, mwanzoni kuna maandishi yanayotaja maabara, fedha zilikotoka na mwaka wa ukarabati. Ongezeni mstari mmoja: katika filamu hii anaonekana Mahjub bin Adam Mohamed, anayejulikana kama Mohamed Husen, aliyezaliwa Dar es Salaam, aliyeuawa Sachsenhausen. Kwenye orodha zenu za kumbukumbu, palipoandikwa "mtumishi" na mtu huyo anajulikana ni nani, andikeni ni nani. Na msiishie kwake. Wafanyieni hivyo hivyo Brody na wengine wote wanaoweza kutambuliwa.

Mnaweza kuona ni jambo dogo. Niwaeleze kitu. Kuna mwaka nilifanya kazi siku kumi na moja kwenye filamu ya kampuni moja ya kigeni, huko Bagamoyo. Nilibeba mzigo juani tangu asubuhi, na jioni nilikaa na steringi wao nikimfundisha kutamka "marahaba" bila kuivunja katikati. Kijana mzuri, alijitahidi. Filamu ilipotoka tulikusanyika nyumbani, watoto, majirani, mama mkwe. Yalipoanza kupita majina ya mwisho nilimwambia mjukuu wangu asome kwa sauti. Akasoma, akasoma. Akasoma jina la mpishi wa lokesheni, la dereva wa jenereta, nao walistahili. Mpaka muziki ukaisha. Halafu akaniuliza, "Babu, wewe ulikuwemo kweli?" Alikuwa ameshaniona kwenye picha kwa macho yake, na bado aliuliza.

Jina Mahjub limetoka kwenye asili moja na neno hijabu. Maana yake ni aliyefunikwa, aliyefichwa. Baba yake alimpa jina hilo kwa heri, nadhani kwa kumwombea stara. Mmemfunika vya kutosha.

Sasa nigeukie nyumbani.

Waheshimiwa wa Tanzania, nyote mnakumbuka Novemba 2023, Rais wa Ujerumani alipofika Songea akaomba radhi kwa mauaji ya Vita vya Maji Maji. Tangu hapo mazungumzo ya kurudishiwa vitu na mabaki ya mashujaa wetu yamepata nguvu. Nayaunga mkono. Tangu nikiwa shule ya msingi nasikia habari za mjusi wa Tendaguru, yule mnyama wa kale aliyechimbwa Lindi kati ya 1909 na 1913 na sasa amesimamishwa kwenye makumbusho Berlin. Bungeni ametajwa, kwenye magazeti ametajwa, vijiweni ndiyo usiseme. Lindi hiyo hiyo ndiko alikojeruhiwa Mahjub, na viungani mwa Berlin hiyo hiyo ndiko alikofia. Mifupa ya mjusi tunaijua kwa urefu na kwa uzito, na mtu wetu hatumjui jina. Nawasihi, kwenye orodha ya mnayoyajadili na Wajerumani, iwekeni na hii: nakala za filamu za Mahjub, pamoja na nakala za nyaraka zake, zitafsiriwe Kiswahili na zikae Dar es Salaam.

Mahali pa kuziweka papo. Makumbusho ya Taifa, Mtaa wa Shaaban Robert, ukuta mmoja unatosha. Kutoka hapo hadi kwenye Sanamu ya Askari ni mwendo mfupi kwa miguu. Sanamu ile Waingereza waliiweka mwaka 1927 kuwakumbuka waliopigana na kubeba mizigo katika vita vile, upande wao. Ni ya shaba, imeshika bunduki, haina jina la mtu. Watoto wa shule wakipelekwa kuiona, waongezewe dakika kumi waoneshwe na picha ya mtoto wa mji huu aliyekuwa vitani akiwa mdogo kuliko wao.

Najua kuna kikwazo. *Carl Peters* ni propaganda, na huko Ujerumani haionyeshwi ovyo. Imo kwenye lile kundi la filamu za Wanazi zinazoruhusiwa tu pakiwa na mtu wa kuitanguliza kwa maelezo na mjadala baada yake. Naafiki kabisa, wala sitaki itupwe mtandaoni watu wakaitazame peke yao. Lakini kwa sharti hilo, waheshimiwa, hakuna watu waliojiandaa kuliko sisi. Tumekulia kwenye mabanda ambako filamu ya Kichina au ya Kihindi haikuachwa iseme yenyewe. Alikuwepo mtu mwenye kipaza sauti, akina Lufufu, anayeieleza kwa Kiswahili huku inakwenda, anawapa wahusika majina, anamkemea adui, anasimama upande wa mnyonge hata pale filamu yenyewe haimjali. Mtazamaji alikuwa anatazama picha ya wengine na kusikia hukumu ya kwao. Nipeni filamu hiyo ya Selpin, na msimulizi mmoja mzuri wa Kiswahili, na mwanahistoria mmoja wa kukaa naye. Albers atahutubia, na msimulizi atawaambia watu mikataba ya Usagara ilisainiwaje. Kundi litapita nyuma, na msimulizi atasema hawa ni mateka, tazameni macho yao.

Kikundi chetu kina projekta na spika. Shuka jeupe lipo, viti tutakodi, uwanja tutauomba kwa serikali ya mtaa. Hatutoi kiingilio. Tunachokosa ni nakala na ruhusa, na hivyo viwili viko mikononi mwenu, kwa pande zote mbili. Mkikubali, nimeomba nafasi ya msimulizi niichukue mimi. Sentensi ya kwanza nimeshaiandaa, ya kusema pale tu atakapotokea: "Huyo aliyesimama nyuma, msimwangalie huyu wa mbele, huyo wa nyuma ni Mahjub bin Adam, wa hapa hapa."

Wenu katika kazi,
Mwigizaji wa nafasi ndogo,
Magomeni, Dar es Salaam